Sorcar Mdogo, mtoto wa mwanamazingaombwe: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Kila nikimtaja P. C. Sorcar Mdogo mbele ya watu wanaopenda mazingaombwe, maswali huwa yaleyale. Wengine wamewahi kusikia habari za Taj Mahal kupotea, wengine wanamchanganya na baba yake, na wachache hudhani ni ngano. Nimeyakusanya hapa maswali hayo na kuyajibu kadiri ninavyoyajua. Penye utamu nimekaa kidogo.

Sorcar Mdogo ni nani hasa?

Jina lake ni Pradip Chandra Sorcar, Mhindi wa Bengali, aliyezaliwa tarehe 31 Julai 1946. Mji wake ni Kolkata, ule ambao vitabu vya zamani viliuita Calcutta. Ni mwanamazingaombwe wa jukwaani, yaani yule wa maonyesho makubwa: mavazi ya kifalme, taa, muziki, wasaidizi wengi, makasha yanayoweza kumeza mtu mzima. Onyesho lake linaitwa Indrajal. Neno hilo ni la Kisanskriti na maana yake ni wavu wa Indra, mungu wa mvua na radi katika dini ya Kihindu. Tangu kale Wahindi hulitumia neno hilo kumaanisha mazingaombwe.

Ulinganishe wavu huo na neno letu kiinimacho. Wao wanaona mtazamaji amenaswa kama dagaa. Sisi tunasema jambo lote linatendeka ndani ya kiini cha jicho la anayetazama. Mimi naona sisi tumelenga karibu zaidi.

Mbona baba na mtoto wana jina moja?

Baba alikuwa Protul Chandra, mtoto ni Pradip Chandra. Vyote vinafupishwa kuwa P. C., na wote ni Sorcar. Humu nitamwita baba Sorcar Mkubwa na mtoto Sorcar Mdogo ili tusipotezane.

Hata hilo "Sorcar" lina kisa chake. Jina la ukoo lilikuwa Sarkar, la kawaida kabisa kule Bengali. Baba akabadilisha herufi ili likaribiane na neno la Kiingereza lenye maana ya mchawi. Alijua biashara tangu kijana.

Baba yake alikuwa mtu wa namna gani?

Alizaliwa tarehe 23 Februari 1913 Tangail, eneo ambalo leo liko Bangladesh. Alijifunza kwa Ganapati Chakraborty, gwiji wa mazingaombwe wa Bengali aliyemtangulia. Aliandika vitabu vingi kuhusu sanaa hiyo na alijipa cheo mwenyewe: mwanamazingaombwe mkuu kuliko wote duniani. Cheo hicho alikichapisha kwenye mabango kabla dunia haijaulizwa. Wenzake wa Ulaya walikasirika, lakini watu walinunua tiketi.

Ili uelewe kwa nini Wahindi wanamheshimu hivi, kumbuka hali ya zamani. Wanamazingaombwe wa Ulaya na Marekani walikuwa wakivaa vilemba, wakajipaka rangi na kujipa majina ya Kihindi, kwa sababu India ilisifika kuwa nchi ya maajabu. Wahindi wenyewe, mafundi wa kandokando ya barabara, waliishia kutupiwa sarafu kwenye mkeka. Sorcar Mkubwa akavaa kilemba cha maharaja chenye unyoya, joho la hariri na viatu vilivyopinda ncha, akapanda jukwaa la London kama mwenye mali aliyekuja kuchukua chake. Hilo kwangu ni jambo kubwa kuliko mchezo wowote aliowahi kuuonyesha.

Serikali ya India ilimpa nishani ya Padma Shri mwaka 1964, na mwaka 2010 ikatoa stempu ya posta yenye picha yake.

Ni kweli aliua msichana kwenye televisheni?

Hapana, lakini Waingereza wengi walilala usiku huo wakiamini hivyo.

Ilikuwa tarehe 9 Aprili 1956. Sorcar Mkubwa alikuwa amekodi ukumbi wa Duke of York's, London, na alihitaji watu waje. Akapata nafasi kwenye Panorama, kipindi cha BBC cha habari na mambo mazito, ambacho watazamaji wake hawakuzoea michezo. Msaidizi wake, Dipty Dey, msichana wa miaka 17, akalazwa juu ya meza akiwa kama mtu aliyepumbazwa. Msumeno wa duara ukawashwa, ukashuka, ukapita kiunoni. Hapakuwa na kasha la kumficha. Mwili wake ulikuwa wazi, na msumeno ulionekana ukipita.

Kisha Sorcar akamsogelea ili amwamshe. Akamsugua mikono. Akamwita. Msichana kimya. Sorcar akatikisa kichwa, akachukua kitambaa cheusi, akamfunika uso.

Hapo mtangazaji, Richard Dimbleby, akasimama mbele ya kamera, akasema kipindi kimefika mwisho. Majina ya watayarishaji yakaanza kupita.

Simu za BBC zikazidiwa. Watu walipiga kuuliza kama wameona mauaji sebuleni kwao. Maelezo yaliyotolewa ni kwamba muda wa kipindi ulikuwa umekwisha, na kwamba msichana ni mzima. Lakini wanaojua kazi hii wanasema mtu aliyepima maonyesho yake kwa dakika hawezi kupitiliza muda kwa bahati mbaya, tena katika mchezo huo, tena sekunde hiyo. Nakubaliana nao. Kesho yake magazeti yalijaa habari hizo, na tiketi za Duke of York's zikauzwa.

Pradip wakati huo alikuwa na miaka 9. Naomba ukumbuke umri huo, kwa sababu ndio umri ambao mtoto anaanza kuelewa kwamba baba yake ni mtu wa watu.

Sorcar Mdogo alifundishwaje kazi?

Alikulia ndani yake. Lakini pia alisoma hadi Chuo Kikuu cha Calcutta, na somo alilochagua ni saikolojia ya matumizi. Wengi hulipita jambo hili kama pambo la wasifu, mimi naliona ndilo ufunguo.

Nitaeleza kwa nini. Nikiwa darasa la 4 alikuja shuleni kwetu mzee wa mazingaombwe. Kila mtoto alitoa shilingi zake, madirisha ya darasa yakazibwa kwa magunia, tukabanana chini. Mzee alikuwa na kasha la bati na mtoto wa kiume wa rika letu wa kumpokeza vitu. Alichana karatasi ya daftari, akaimeza vipande, kisha akaanza kuvuta mdomoni utepe wa rangi usiokwisha. Sisi tulipiga kelele hadi mwalimu mkuu akaja mlangoni. Nilikaa mbele, karibu na yule mtoto. Hakutazama mikono ya baba yake hata mara moja. Alikuwa anatutazama sisi.

Miaka mingi baadaye, niliposoma kwamba Sorcar Mdogo alikwenda chuo kusomea akili za watu, nilimkumbuka yule mtoto. Siri za makasha mtoto wa fundi anazipata nyumbani, hazina ugumu. Kinachobaki kujifunza ni watu: wanatazama wapi, wanachoka lini, wanataka kuamini nini.

Nini kilitokea Januari 1971?

Sorcar Mkubwa alikuwa Japani na kundi lake. Wajapani walimpenda sana, na Japani ilikuwa kama nyumba yake ya pili ya kazi. Tarehe 6 Januari 1971, katika kisiwa cha baridi kali cha Hokkaido, moyo wake ulisimama. Alikuwa na miaka 57.

Mwanawe alikuwa na miaka 24. Alichukua nafasi ya baba.

Sentensi hiyo ni fupi na watu huisoma haraka, ila hebu ikae kidogo. Kwetu mtu akifiwa na baba anakaa chini, watu wanakuja, anaandaliwa chakula asichokitaka, matanga yanapita ndipo anarudi kazini akiwa bado mzito. Mwanamazingaombwe aliyerithi kundi hana siku hizo. Kuna wasaidizi wanaosubiri kulipwa, kuna masanduku yaliyokwisha kuvuka bahari, na kuna ukumbi wenye bango lililoandikwa jina. Jina hilo ni lake pia. Anavaa kilemba kilekile na joho la mtindo uleule, anasimama pale pale ambapo watu walikuja kumwona mwingine, na anatakiwa atabasamu.

Msomaji mmoja aliwahi kuniambia kwamba hapo ndipo bahati ilipomwangukia. Siwezi kuita hiyo bahati. Mtu anayeanza bila jina watu humsamehe akikosea. Yeye alianza akiwa na jina lililokwisha kujaa.

Je, alikuwa anamwiga baba yake tu?

Mwanzoni alibeba mengi ya baba, na alipaswa kufanya hivyo. Jina Indrajal, mavazi ya kifalme, mwendo wa onyesho, vyote ni vya baba. Mchezo uliopendwa kuliko yote katika onyesho hilo ni ule unaoitwa Maji ya India. Kuna chungu kimoja pembeni ya jukwaa. Mwanamazingaombwe anakiinua, anamimina maji mpaka tone la mwisho, anakigeuza juu chini watu waone kwamba ni kitupu. Anaendelea na mchezo mwingine. Baada ya muda anapita tena, anakiinua: maji. Anamimina yote. Mchezo mwingine. Anarudi: maji tena. Hivyo hivyo mpaka onyesho linaisha.

Naupenda kuliko misumeno yote. Hauna kelele wala msichana aliyelazwa mezani. Mtu aliyelelewa mahali ambapo bomba hutoa maji mara mbili kwa wiki anaelewa mara moja kwa nini ukumbi unashangilia chungu.

Lakini kuna kitu Sorcar Mdogo alikifanya ambacho baba yake hakukifanya kwa kiwango hicho. Alitoka nje ya ukumbi. Jukwaani watu wangeendelea kumpima kwa kipimo cha baba, kwa sababu jukwaa lilikuwa la baba. Akatafuta mahali ambapo mzee hakuwahi kusimama.

Ile treni iliyopotea ilikuwaje?

Mwaka 1992, kwenye stesheni ya Khana, wilaya ya Bardhaman huko Bengali Magharibi, alifanya treni ya abiria ipotee mbele ya umati. Ilikuwa ni ile ya Indore–Amritsar. Si mfano wa treni wala behewa moja lililofunikwa pazia.

Reli kwa Mhindi ni kama mapigo ya moyo wa nchi. Ukitaka taifa zima lizungumze juu yako mezani, gusa reli.

Na Taj Mahal? Aliipotezaje?

Hili ndilo swali ninaloulizwa kuliko yote. Ilikuwa Novemba 2000. Watazamaji walikusanyika Kachhpura, kijiji kilicho ng'ambo ya mto Yamuna, upande wa nyuma wa Taj Mahal, mahali ambapo jengo linaonekana likiwa jeupe juu ya maji. Kwa muda wa dakika 2 hivi likatoweka machoni pao. Kisha likarudi.

Mbinu yenyewe sitaieleza. Ni kwa adabu: fundi aliye hai haanikiwi mali yake. Ila naweza kukuonyesha namna ya kuifikiria, kwa sababu hiyo haiharibu chochote. Jiulize watu walisimama wapi, na nani aliwaweka pale. Jiulize kulikuwa na nini kati yao na jengo. Jiulize mwanga wa saa ile ulikuwaje, na kwa nini dakika zilikuwa 2 na si 20. Ukiyajibu hayo yote utagundua kwamba hakuna aliyeligusa jiwe hata moja la Taj Mahal. Kilichoguswa ni mahali pa kutazamia.

Na jambo lingine ambalo watu hawaliulizi: kwa nini Taj Mahal? Mfalme Shah Jahan alilijenga katika karne ya 17 juu ya kaburi la mkewe, Mumtaz Mahal. Kila Mhindi analijua tangu kitabu cha kwanza cha shule. Ukipoteza jengo ambalo watu hawalijali, watapiga makofi na kwenda zao. Ukiwapotezea Taj Mahal kwa dakika 2, watalitazama upya likirudi. Mimi nadhani mchezo wenyewe ulikuwa kule kurudi.

Hayo si majini au uchawi?

Hapana, na yeye mwenyewe amelisema waziwazi maisha yake yote: hii ni sanaa na ni sayansi. Baba yake pia alikuwa mtu wa hesabu na mazoezi.

Najua swali linatoka wapi. Kwetu mazingaombwe yamesimama jirani mno na uganga, na wapo matapeli wanaotumia mbinu za jukwaani kumwaminisha mama mgonjwa kwamba wamemtoa sindano tumboni, halafu wakachukua akiba yake ya kikoba. Hasira yangu iko hapo. Mwanamazingaombwe anakuambia mapema kwamba atakudanganya, unalipa kiingilio, unadanganywa, unafurahi, unakwenda nyumbani na kila kilicho chako. Tapeli anatumia vidole vilevile bila kukuambia. Mtoto aliyewahi kuona onyesho zuri la mazingaombwe ni vigumu kumtapeli akiwa mtu mzima, na hii ni sababu tosha ya kuyarudisha mashuleni.

Ni kizazi cha pili au cha nane?

Familia inahesabu vizazi vinane, ikianzia kwa babu wa zamani anayetajwa katika simulizi za Bengali, Atmaram Sarkar. Ni masimulizi ya ukoo na yana heshima yake.

Ila ukiuliza habari za onyesho lenyewe, kundi, jina la P. C. Sorcar, Indrajal na kusafiri dunia, hayo yalijengwa na Protul Chandra. Kwa hesabu hiyo Pradip ni wa pili, na mzigo wake ni wa mtu wa pili. Wa kwanza hujenga akiwa hana cha kupoteza. Wa pili ndiye wa kwanza kuwa na kitu cha kuvunja.

Ana ndugu katika kazi hii?

Ndiyo. Kaka yake Manick alikwenda Marekani akajulikana kwa filamu za katuni na maonyesho ya mwanga wa leza. Mdogo wake amefanya mazingaombwe kwa jina la P. C. Sorcar Young. Kwa hiyo ukikuta bango lenye P. C. Sorcar, soma mpaka neno la mwisho kabla ya kununua tiketi.

Ni kweli Sorcar Mdogo aligombea ubunge?

Ndiyo, mwaka 2014, jimbo la Barasat, kwa tiketi ya chama cha siasa cha BJP. Alishindwa.

Nani atamrithi?

Sorcar Mdogo na mkewe, Jayashree, ambaye amefanya naye kazi jukwaani, wana mabinti watatu: Maneka, Moubani na Mumtaz. Hawana mtoto wa kiume. Moubani na Mumtaz walielekea kwenye uigizaji. Maneka ndiye aliyeshika mazingaombwe.

Hapa napenda nikae tena, maana watu huuliza kwa namna ambayo najua wanachotaka kusema: "Sasa jina litaishaje?" Angalia historia ya kazi hii. Mwanamke amekuwa ndani ya kasha. Ndiye anayekatwa, anayeelea, anayetoweka, anayechomwa panga, anayefunikwa kitambaa cheusi usoni. Nusu ya ufundi ni wake, kwa sababu mwili unaojikunja ndani ya kasha kwa sekunde chache bila kutoa sauti ni wake, na makofi yanakwenda kwa mwanamume mwenye kilemba. Dipty Dey alilala mezani London bila kupepesa, taifa zima likimtazama, na ni wachache leo wanaolijua jina lake.

Maneka anasimama upande wa pili wa kasha. Amepanda jukwaani na baba yake na pia peke yake, kwa jina lake kamili: Maneka Sorcar. Hakujifupisha kuwa P. C., na bango linasomeka wazi kwamba ni mtu mwingine. Baba yake alilazimika kutafuta treni na Taj Mahal ili aonekane kuwa si mzee wake. Yeye ameanza na hilo likiwa limekwisha kuandikwa mlangoni.